Kabla ya Kusaini Barua ya Kusitisha Mkataba

Ndugu wahandisi, wakadiriaji majenzi, wanasheria, maafisa ununuzi na wakandarasi,

Mada ya leo ni migogoro inayozuka pale mkataba wa ujenzi wa kazi za umma unapositishwa: barabara, daraja, hospitali, mradi wa maji. Nianze na jambo ambalo wengi hawapendi kulisikia. Mwajiri, yaani taasisi ya umma yenye mradi, anaposhindwa katika shauri la namna hii, si lazima iwe mkandarasi alikuwa hodari. Mkandarasi anaweza kuwa mzembe kweli, saiti imeota majani, na bado mwajiri akaishia kumlipa fidia. Kinachomwangusha mwajiri ni barua yake mwenyewe: imesainiwa na asiyehusika, imetoka kabla siku hazijatimia, au imetaja kosa ambalo mkataba hauliorodheshi kuwa sababu ya kusitisha. Na mkandarasi anayeondoa mitambo saiti kwa hasira ya kutolipwa hujikwaa hapo hapo.

Vifungu nitakavyovitaja ni vya Kitabu Chekundu cha FIDIC (masharti ya mfano ya mikataba ya ujenzi, yanayotolewa na shirikisho la kimataifa la wahandisi washauri), toleo la 1999, kwa kuwa kinatumika katika nchi nyingi. Toleo la 2017 limebadilisha baadhi ya mambo na nitayasema inapobidi. Kama mkataba wako una Masharti Maalumu, hayo ndiyo yanayotangulia, na sheria ya ununuzi ya nchi husika nayo ina neno lake.

Tuanze na sababu. Kifungu cha 15.2 kina orodha, na nje ya orodha hiyo mwajiri hawezi kuegemea kifungu hicho. Mkandarasi hakuleta dhamana ya utekelezaji (ahadi, kwa kawaida ya benki, ya kumlipa mwajiri mkandarasi akishindwa wajibu wake), au hakutii notisi ya kurekebisha iliyotolewa chini ya 15.1. Ametelekeza kazi, au ameonyesha waziwazi kuwa hana nia ya kuendelea. Bila udhuru wa maana haendelei na kazi kama Kifungu cha 8 kinavyotaka, au amepewa notisi ya kuondoa kazi mbovu na siku 28 zimepita. Ametoa kazi nzima kwa mkandarasi mdogo. Amefilisika. Ametoa rushwa. Kwa kufilisika na rushwa, mkataba unaweza kusitishwa papo hapo. Kwa mengine yote mwajiri hutoa notisi ya siku 14.

Angalieni kisichomo. Kufikia kikomo cha fidia ya ucheleweshaji hakumo katika orodha ya 1999. Wapo wanaoandika, “Kwa kuwa fidia ya ucheleweshaji imefika asilimia 10, mkataba umesitishwa,” na sentensi hiyo peke yake haina mguu wa kusimamia, isipokuwa Masharti Maalumu yameiongeza sababu hiyo. Toleo la 2017 ndilo lililoiingiza. Kwa hiyo kabla ya yote, fahamu umeshika toleo lipi.

Sasa notisi ya kurekebisha, ambayo kwa maoni yangu ndiyo moyo wa jambo zima. Barua ya kawaida husomeka hivi: “Kasi yenu hairidhishi. Mnatakiwa kuongeza kasi mara moja, la sivyo hatua kali zitachukuliwa.” Haitaji kifungu, haitaji wajibu uliovunjwa, haisemi mkandarasi afanye nini wala lini. Jopo la wasuluhishi likiisoma miaka mitatu baadaye halitaona notisi, litaona malalamiko.

Linganisheni na hii: “Kwa mujibu wa Kifungu cha 15.1, tunawajulisha kuwa mmeshindwa kutimiza wajibu wenu chini ya Kifungu cha 8.3, kwa kuwa ratiba ya kazi iliyorekebishwa, tuliyoidai kwa barua yetu iliyoambatishwa, haijawasilishwa. Aidha, kinyume cha Kifungu cha 8.1, misingi ya nguzo namba 3 na 4 za daraja, ambayo kwa ratiba iliyopo ingekamilika wiki ya 30, haijaanza kuchimbwa hadi leo, wiki ya 38, na hakuna mtambo wa kuchimbia saiti. Mnatakiwa (a) kuwasilisha ratiba ndani ya siku 7, na (b) kuleta mtambo na kuanza kuchimba msingi wa nguzo namba 3 ndani ya siku 28.” Hapo kuna wajibu, kuna ukweli unaopimika, kuna tendo na kuna muda. Siku ya 29 mtu yeyote anaweza kwenda saiti akajibu swali moja: uchimbaji umeanza au haujaanza?

Muda lazima uwe wa haki. Mtambo unaosafirishwa kwa meli kwa wiki sita hauwezi kudaiwa ndani ya siku saba. Tena notisi ya kurekebisha, katika toleo la 1999, hutolewa na Mhandisi, yaani msimamizi wa mkataba aliyeteuliwa na mwajiri, ilhali notisi ya kusitisha hutolewa na mwajiri. Zikibadilishana saini, mmempa wakili wa upande wa pili hoja ya bure.

Shauri linalofaa kusomwa na kila anayeshughulika na mambo haya ni la kampuni ya Kihispania Obrascon Huarte Lain dhidi ya Serikali ya Gibraltar. Kazi ilikuwa barabara na njia ya chini kwa chini kupita chini ya uwanja wa ndege wa Gibraltar. Mkataba, uliofuata Kitabu cha Njano cha FIDIC cha 1999 (cha kazi anazozisanifu mkandarasi mwenyewe), ulisainiwa Desemba 2008 kwa muda wa miaka miwili. Mwaka 2011, muda ukiwa umekwisha na sehemu ndogo tu ya kazi ikiwa imefanyika, serikali iliusitisha. Mkandarasi alidai kuwa udongo uliochafuka na mwamba alivyokutana navyo havikuweza kutabirika. Jaji Akenhead, katika hukumu ya 2014, alimkatalia: mkandarasi mzoefu angevitarajia. Mahakama ya Rufani ya Uingereza ikamuunga mkono jaji mwaka 2015.

Lakini ndani ya ushindi huo wa mwajiri kuna masharti. Mahakama ilisema notisi ya kurekebisha haiwezi kutumika kwa vijikosa. Lazima kosa liwe na uzito, na muda uliotolewa upimwe kwa hali ilivyokuwa siku notisi ilipotoka. Na kuna jambo dogo lililokaribia kuwa kubwa: notisi ya kusitisha ilipelekwa ofisi ya saiti badala ya anwani ya Madrid iliyoandikwa kwenye mkataba. Mahakama ilikubali kwamba katika mazingira yale kosa hilo halikuiua notisi. Mwajiri alilazimika kulipia mawakili kulibishania jambo ambalo karani angelimaliza kwa kusoma ukurasa mmoja. Someni Kifungu cha 1.3, pelekeni anwani iliyoandikwa, chukueni stakabadhi, kisha kama mnataka pelekeni na nakala saiti.

Kabla notisi haijatoka, mwajiri asafishe nyumba yake kwanza. Maombi ya nyongeza ya muda yamejibiwa? Kama Mhandisi ameyaweka kwenye droo kwa miezi minane, hakuna anayejua tarehe halali ya kukamilisha kazi ni ipi, na asiyejua tarehe hiyo hawezi kusema kwa uhakika mkandarasi amechelewa kiasi gani. Eneo la kazi lilikabidhiwa lote? Barabara ya kilomita 40 iliyokabidhiwa vipande vipande, huku nguzo za umeme na makaburi havijahamishwa, humpa mkandarasi udhuru kwa kila wiki aliyopoteza. Hati za malipo zimelipwa? Mwajiri mwenye deni la miezi sita anayedai kasi hupokea jibu moja tu: lipa.

Kuna mtego mwingine, wa kuachilia haki kwa matendo. Sababu ya kusitisha imejitokeza mwezi wa tatu. Mwezi wa nne Mhandisi anatoa maagizo mapya, wa tano mwajiri anaidhinisha ratiba mpya, wa saba ndipo barua ya kusitisha inatoka kwa kosa la mwezi wa tatu. Mkandarasi atasema mlilisamehe. Ikiwa mazungumzo lazima yaendelee, kila barua iseme kwamba haki za mwajiri zimehifadhiwa. Na kosa likijirudia baada ya msamaha, toeni notisi mpya badala ya kufufua ile ya zamani.

Kuhusu siku: katika FIDIC siku ni siku za kalenda, Jumapili na sikukuu zimo. Katika toleo la 2017, ukiacha makosa kama kufilisika na rushwa, hatua ni mbili: notisi ya kwanza ya kusudio la kusitisha, mkandarasi anapewa siku 14 tangu alipoipokea arekebishe, asiporekebisha ndipo notisi ya pili inausitisha mkataba mara moja. Anayetuma moja tu amefanya nusu ya kazi. Kama sheria yenu inataka idhini ya bodi ya zabuni au mwanasheria wa serikali, idhini hiyo iwe na tarehe iliyotangulia barua.

Sasa dhamana. Dhamana ya utekelezaji ikiwa ni ile inayolipwa kwa kudaiwa tu, benki haihukumu nani ana haki, inasoma karatasi. Ikiwa imetolewa chini ya kanuni za URDG 758 za Chama cha Kimataifa cha Biashara, benki ina siku 5 za kazi za kukagua dai, na dai lazima liambatane na tamko linaloeleza mkandarasi amevunja wajibu gani. Madai yanakataliwa kwa kukosa tamko hilo, kwa kukosea namba ya dhamana, kwa kusainiwa na asiyetajwa. Kosa baya kuliko yote ni kuiacha dhamana ife. Mgogoro unachemka, barua zinapishana, na hakuna aliyetazama tarehe ya mwisho. Wekeni kumbukumbu siku 60 kabla. Kifungu cha 4.2 kinampa mkandarasi wajibu wa kuongeza muda wa dhamana ikiwa siku 28 kabla ya kuisha bado hajastahili Cheti cha Utekelezaji, kile cha mwisho kinachothibitisha kuwa ametimiza wajibu wake. Asipoongeza, mwajiri anaweza kuidai yote. Msisahau dhamana ya malipo ya awali, ambayo mara nyingi iko benki nyingine na ina tarehe nyingine.

Siku mkataba unapokoma, saiti huwa na joto. Vibarua wanadai mishahara, wakandarasi wadogo wanataka kuchukua nondo zao, usiku lori linatoka na saruji. Linda lango kwanza. Halafu ianze kazi ambayo nadhani ndiyo inayopuuzwa kuliko zote: upimaji wa kazi iliyofanyika, chini ya Kifungu cha 15.3. Baada ya mwezi mkandarasi mpya ameingia, amemwaga zege juu, na ushahidi umezikwa.

Mwalikeni mkandarasi kwa barua yenye tarehe na saa ya upimaji wa pamoja. Asipokuja, pimeni bila yeye, lakini mbele ya mtu asiye na upande, na mtume nakala ya matokeo. Chukueni msingi mmoja uliosukwa nondo lakini haujamwagwa zege. Kinachoandikwa ni idadi ya nondo, kipenyo, nafasi kati yake, kiwango cha kutu, na kama zege la kusawazisha chini limepasuka. Picha ipigwe na futi ionekane. Zege lililokwisha kumwagwa likatwe sampuli na kupimwa nguvu maabara, kwa sababu thamani ya kazi mbovu ni bei yake kwenye BOQ (orodha ya kazi, vipimo na bei zake iliyomo katika mkataba) ukitoa gharama ya kuirekebisha au kuivunja. Vifaa vilivyo saiti vigawanywe mara tatu: vilivyolipwa na mwajiri, vya mkandarasi, na vya watu wengine. Kundi la mwisho ndilo lenye balaa. Mkataba unamruhusu mwajiri kumalizia kazi kwa kutumia mitambo ya mkandarasi, lakini mwenye greda la kukodi hakusaini mkataba huo, na ataibuka na kadi ya umiliki mkononi.

Hesabu ya mwisho huwachanganya wengi, basi tuipige kwa mfano. Bei ya mkataba ni milioni 1,000. Kazi iliyopimwa ni 400. Katika hiyo, fedha ya zuio, yaani sehemu ya malipo anayoishikilia mwajiri, ni 40, makato ya malipo ya awali 40, zimelipwa 290, hivyo 30 hazijalipwa. Malipo ya awali yalikuwa 100, zimebaki 60. Mkandarasi mpya anamaliza kazi iliyobaki, ya thamani ya 600 kwa bei za zamani, kwa 750. Fidia ya ucheleweshaji hadi siku ya kusitisha ni 50. Upande wa mkandarasi kuna 30 na 40, jumla 70. Upande wa mwajiri kuna ziada ya 150, fidia 50 na awali 60, jumla 260. Mkandarasi anadaiwa 190. Dhamana ya awali inatoa 60, dhamana ya utekelezaji ya asilimia 10 inatoa 100, na 30 zitafuatwa kwa njia nyingine.

Geuzeni shilingi. Jopo linasema usitishaji haukuwa halali, na ucheleweshaji ulisababishwa na mwajiri. Ile 60 ya awali inabaki kwa mwajiri, lakini anarudisha 100 ya dhamana, analipa 70, analipa faida iliyopotea kwenye kazi ya 600, tuseme asilimia 8, ambayo ni 48, na gharama za kuondoka saiti, tuseme 20. Jumla 238, na riba juu yake. Ile ziada ya 150 kwa mkandarasi mpya anaibeba mwenyewe. Hizi ndizo namba za kuwekwa mezani kabla ya kusaini.

Ziada yenyewe hupingwa pia. Mwajiri akitumia nafasi hiyo kubadili lami nyepesi kuwa zege, au akimpa mkandarasi mpya kazi bila kulinganisha bei, jopo litaondoa kisichohusika. Tena, chini ya Kifungu cha 2.5, mwajiri anapaswa kutoa notisi ya madai yake mapema kadiri iwezekanavyo, si kuyatoa mfukoni siku ya usuluhishi.

Hilo lilisisitizwa mwaka 2015 na Baraza la Faragha mjini London, ambalo ni mahakama ya mwisho ya rufaa kwa baadhi ya nchi za Jumuiya ya Madola, katika rufaa ya NH International kutoka Trinidad na Tobago, kuhusu ujenzi wa hospitali huko Tobago. Shauri hilo lina faida kubwa zaidi kwa wakandarasi. Mkandarasi aliomba, chini ya Kifungu cha 2.4, ushahidi kwamba fedha za kumaliza mradi zimepangwa. Hakuridhika na majibu, akasimamisha kazi, kisha akausitisha mkataba. Msuluhishi alimpa haki, na Baraza likaurudisha uamuzi huo: serikali kuwa na uwezo ni jambo moja, na fedha za mradi huu kuidhinishwa na mwenye mamlaka ni jambo jingine.

Sasa wakandarasi wenyewe, na kutolipwa. Hesabuni kutoka siku Mhandisi alipopokea maombi ya malipo na vielelezo vyake. Siku ya 28 hati iwe imetoka. Siku ya 56 fedha iwe imelipwa. Isipolipwa, siku ya 57 mnaweza kutoa notisi ya siku 21 ya kusimamisha au kupunguza kasi ya kazi, kwa hiyo mapema kabisa ni siku ya 78. Haki ya kusitisha inakuja siku 42 baada ya ile ya 56, yaani siku ya 98 ikipita, na kisha notisi ya siku 14. Inakaribia miezi minne. Anayefunga geti siku ya 70 kwa sababu “hawalipi” amempa mwajiri sababu ya utelekezaji aliyokuwa akiitafuta. Na kama mmesimamisha na fedha ikaingia kabla hamjatoa notisi ya kusitisha, rudini kazini mara moja.

Kuna pia kusitisha bila kosa, Kifungu cha 15.5. Mwajiri hahitaji sababu, lakini usitishaji hukamilika siku 28 baada ya notisi kupokewa au dhamana kurudishwa, ipi itakayochelewa, na toleo la 1999 linakataza kukitumia ili kazi ifanywe na mwajiri mwenyewe au apewe mkandarasi mwingine. Toleo la 2017 limeongeza faida iliyopotea. Katika mikataba ya serikali kuu ya Marekani, usitishaji kwa kosa ukibatilishwa hugeuzwa kuwa usitishaji wa hiari, na fidia hupungua. FIDIC haina mlango huo wa dharura, na asitokee mtu akadhani upo.

Njia ya mgogoro nitaipita haraka. Mkandarasi atoe notisi ya madai ndani ya siku 28 tangu alipojua, la sivyo haki inaweza kupotea. Bodi ya Maamuzi ya Migogoro ina siku 84 za kutoa uamuzi. Asiyeridhika aseme ndani ya siku 28. Akinyamaza, uamuzi unakuwa wa mwisho. Siku 56 za kutafuta suluhu, kisha usuluhishi. Bodi ambayo haijaundwa hadi mgogoro uzuke itapoteza miezi ya kwanza kwa kubishania majina ya wajumbe.

Mwisho, kuna kuachana kwa makubaliano. Kwa miradi mingi ya umma naiona kuwa njia bora kuliko zote, na maafisa huiogopa kwa hofu ya wakaguzi wa hesabu. Ikaguliwe, lakini iandikwe vizuri. Hati hiyo itaje tarehe ya kukoma, kiasi cha kazi kilichokubaliwa pamoja na karatasi za vipimo zilizosainiwa na pande zote, mali inayobaki na inayoondoka, na salio la malipo ya awali na namna litakavyolipwa. Iseme dhamana ipi inarudi siku gani, nani anawajibika kwa kasoro za kazi iliyofanyika na kwa muda gani, na wakandarasi wadogo watalipwa na nani. Iseme wazi kama madai yote yamefutwa au yapi yamebaki. Isainiwe na wenye mamlaka yale yale yanayotakiwa kusaini mkataba wenyewe, na dhamana isirudishwe kabla salio halijaingia benki.